Ng'ombe Sita na Sehemu Nne za Saba

Jumatatu, 14 Mei 1973
Shule imefunguliwa. Mvua tangu alfajiri. Basi kutoka mjini lilikwama kwenye tope kabla ya kufika Kawangware, nikatembea nusu ya njia hadi shuleni Satellite, viatu mkononi. Hedimasta, Bwana Nthiwa, alikuwa mlangoni na saa yake. Akaniandika kwenye daftari: dakika nne. Nikamweleza habari za tope.

"Tope haijui kusoma saa, mwalimu. Wewe unajua."

Mtu gani huyu! Mwaka wa pili sasa nafanya kazi chini yake, bado sijathibitishwa kazini, na sijamwona akicheka hata mara moja. Darasa la saba wamerudi wote, arobaini na wanane.

Jumatano, 16 Mei
Hesabu za maneno. Watoto wanaziogopa kuliko kiboko. Ukiwapa tarakimu tupu wanakimbia nazo. Ukizivisha maneno wanaganda.

Niliwaandikia ubaoni: umri wa baba, mama na mtoto ukijumlishwa ni miaka sabini na saba. Mama ana umri mara nne wa mtoto. Baba anamzidi mama kwa miaka mitano. Kila mmoja ana miaka mingapi?

Nikawauliza, "Katika hawa watatu, ni nani mdogo kabisa?" Mtoto. Basi mpeni kisanduku kimoja. Mama? Visanduku vinne. Baba? Hapo wakasita. Kavata, msichana wa dawati la nyuma ambaye sweta yake imetoboka viwiko vyote viwili, akasimama.

"Vinne kama vya mama, halafu hiyo mitano. Lakini mwalimu, hiyo mitano tuiweke kando kwanza. Yenyewe haina kisanduku."

Tukaiweka kando. Zikabaki sabini na mbili kwa visanduku tisa. Nane! Mtoto minane, mama thelathini na miwili, baba thelathini na saba. Darasa likapiga makofi, na mimi nikapiga nao.

Nikawaambia wasiliache swali mpaka walielewe. Kavata aliandika hata hilo kwenye daftari lake.

Ijumaa, 18 Mei
Mwalimu Were ameniazima kitabu chake cha mwalimu. Yeye ndiye mkuu wa hesabu hapa, na kwa kweli bila yeye ningekuwa nimesharudi Mombasa. Ana subira, ana utani, anajua kufundisha. Jumamosi huwafundisha baadhi ya watoto wetu nyumbani kwake Kileleshwa, wale ambao wazazi wao wanaweza kulipa. Laiti angekuwa yeye hedimasta.

Ijumaa, 1 Juni
Sikukuu ya Madaraka. Mapumziko. Ami Shamsudin, ninayeishi juu ya duka lake la vitambaa, amefunga, tumekula biriani. Nimelala mchana kama mgonjwa.

Jumatatu, 4 Juni
Nina hasira hata kalamu inatoboa karatasi.

Mkutano wa walimu. Hedimasta ametangaza kwamba Julai kutakuwa na jaribio la hesabu. Atakayepata chini ya ishirini na tano kati ya hamsini hataandikishwa kwa mtihani wa Novemba, ule wa kuingia sekondari. Atarudia darasa. Nikauliza: na asiyeweza kurudia? Akasema shule inataka wastani mzuri. Wastani! Kana kwamba wastani ndio unaoamka asubuhi na kutembea maili tatu bila viatu kuja shule.

Rafiki yangu Peres, mwalimu wa Kiingereza, alinivuta mkono tulipotoka. "Salme, wacha hiyo maneno. Wewe hata barua ya kazi hujapata."

Mwalimu Were ndiye atakayetunga jaribio. Angalau hilo.

Jumanne, 12 Juni
Baba yake Kavata alikuja. Anaitwa Mwololo, mpishi katika nyumba moja ya Spring Valley. Alisimama nje ya darasa na kofia mkononi mpaka kipindi kikaisha.

"Mwalimu, mimi sikusoma, kwa hivyo niambie wazi. Huyu mtoto atapita?"

Nikamwambia kwamba katika darasa langu hakuna anayempita kwa hesabu.

"Kwa sababu memsahib anataka msichana wa kuangalia mtoto. Ameniuliza mara mbili. Mimi nimesema ngoja. Akiingia kwa mtihani, sawa, nitasema hapana. Lakini akiambiwa arudie mwaka..." Akatikisa kichwa. "Iko wengine wanne nyuma yake. Mwaka ya kurudia mimi sina."

Nikamwambia asihofu.

Alhamisi, 28 Juni
Baridi imeanza, ile ya Nairobi isiyo na mvua wala jua. Karani ni mgonjwa, na Mwalimu Were ameniomba nimpigie taipu jaribio kwenye stensili ya kutolea nakala. Maswali hamsini kwa mwandiko wake. Nilijiona mtu wa maana. Vidole viliganda, nikawa napumzika kila baada ya swali la tano na kuvipulizia.

Jumatatu, 9 Julai
Jaribio. Katikati Kavata aliinua mkono. Mwalimu Were, aliyekuwa akisimamia, akamwambia, "Keti. Hakuna maswali juu ya maswali." Baadhi ya watoto wakacheka. Nilikuwa napita dirishani, nikaendelea na safari yangu.

Ijumaa, 13 Julai
Matokeo. Kavata amepata ishirini na nne.

Nilidhani nimesoma vibaya. Nikaitafuta karatasi yake. Maswali ishirini na saba ya mwanzo amepata ishirini na sita. Kisha swali la ishirini na nane. Kisha hakuna kitu. Karatasi tupu mpaka mwisho. Kwenye hilo la ishirini na nane amechora visanduku, akavifuta, akavichora tena, mpaka karatasi imechunika. Chini yake ameandika: "Swali hili halina jibu. Ng'ombe ni sita na sehemu nne za saba. Labda mkulima amechinja mmoja."

Na kwa wino mwekundu, mwandiko wa Mwalimu Were: "Utovu wa adabu. Toa alama 2."

Ishirini na sita akatoa mbili. Mtoto alikuwa amepita! Alikuwa amepita, na mtu mzima akachukua kalamu akamwangusha kwa sababu alisema alichokiona. Na si hayo tu. Peres ananiambia alichapwa na Mwalimu Were viboko vinne mbele ya darasa, mchana, mimi nikiwa ofisini nasaini daftari la hedimasta.

Nilimwendea Mwalimu Were. Akacheka, akanishika bega. "Mtoto asipofundishwa adabu, hesabu itamsaidia nini? Atarudia mwaka. Itamfaa."

Itamfaa! Amepanda basi lake akaenda zake Kileleshwa. Nami nimebeba karatasi zote nyumbani, niziingize kwenye orodha.

Jumamosi, 14 Julai
Nimekaa dirishani juu ya duka tangu asubuhi. Ami amepanda mara mbili kuniuliza kama naumwa.

Swali lilikuwa la Kiingereza. Hapa naliandika kwa lugha yangu, nilitazame vizuri. Mkulima ana ng'ombe, mbuzi na kuku, jumla hamsini. Mbuzi ni mara tatu ya ng'ombe. Kuku wanawazidi mbuzi kwa wanne. Ana wangapi wa kila aina?

Ng'ombe kisanduku kimoja. Mbuzi vitatu. Kuku vitatu na wale wanne. Wanne kando: wanabaki arobaini na sita kwa visanduku saba. Hazigawiki. Nimejaribu kwa visanduku, nimejaribu kwa herufi, nimejaribu kwa kubahatisha. Sita na sehemu nne za saba. Kavata amesema kweli, na kwa kweli hiyo amechapwa.

Nikapitia karatasi nyingine nione wenzake walifanya nini. Wengi wameacha wazi. Wengine wameandika 6, 18, 22, ambazo hazifiki hamsini. Mmoja ameandika 7, 21, 22, akasahau wale kuku wanne. Kila mmoja amekosea kwa njia yake, kama wanavyokosea watu wanaofikiri.

Isipokuwa kumi na mmoja. Hao wote wameandika 7, 21, 25. Wote wamepewa alama. Hakuna kisanduku, hakuna mstari wa hesabu. Na ukijumlisha saba na ishirini na moja na ishirini na tano, ni hamsini na tatu.

Niliinuka nikazunguka chumba. Mtoto mmoja anaweza kukosea hivyo. Wawili labda. Lakini watoto kumi na mmoja, kwenye madawati mbalimbali, hawawezi wote kuvuna jibu moja kutoka kwenye swali lisilolizaa. Jibu hilo walikuja nalo kutoka nyumbani. Nikayasoma majina yao. Kila mmoja wao ni mtoto wa darasa la Jumamosi.

Nilimpenda mtu yule. Nilisema laiti angekuwa hedimasta.

Jumatatu, 16 Julai
Nilimkabili Mwalimu Were chumba cha walimu, Peres akiwapo. Niliweka zile karatasi kumi na moja mezani, moja baada ya nyingine. Sikupandisha sauti. Yeye hakubabaika hata kidogo. Alifungua mkoba wake akatoa karatasi za mwandiko wake, zile alizonipa nizipige taipu, akaweka kidole kwenye swali la ishirini na nane.

Hamsini na tatu. Ameandika hamsini na tatu, tatu ya wazi, isiyo na shaka.

"Swali langu lina jibu, Bi Salme. Nani alipiga taipu?"

Niliisoma ile tatu mara mbili.

"Enda kwa hedimasta ukitaka," akasema, bado anatabasamu. "Utaenda na kosa yako mkononi. Mwalimu ambaye hata hajathibitishwa, ameharibu jaribio ya shule nzima. Watoto wangu nitasema nimewafundisha aina hiyo ya maswali. Wewe utasema nini?"

Peres alitazama chini. Hakusema neno, naye simlaumu, ana barua yake ya kazi na watoto watatu. Hapana. Namlaumu.

Jumanne, 17 Julai
Sikusema kitu.

Jumatano, 18 Julai
Baridi. Sikusema kitu.

Alhamisi, 19 Julai
Dawati la Kavata liko wazi.

Ijumaa, 20 Julai
Bado liko wazi. Nimeuliza jirani yake. "Ameenda kwa kazi, mwalimu. Spring Valley." Amesema kama mtu anayetaja hali ya hewa.

Nilimwambia Ami habari yote baada ya laasiri, tukipanga majora ya kitambaa. Akanisikiliza mpaka mwisho. "Mwanangu, kazi ya serikali haipatikani mara mbili." Kisha akaendelea kupima kitambaa, akasema bila kuniangalia, "Lakini huyo mtoto amechapwa kwa kosa lako?" Nikasema ndiyo.

Jumamosi, 21 Julai
Nimekwenda Spring Valley. Nyumba ina ua wa majani mafupi na mbwa wawili. Mwololo alitokea mlango wa jikoni na aproni yake, akashtuka kuniona.

"Mwalimu, umekuja mpaka huku?"

Alinikaribisha kwenye benchi nyuma ya jikoni. Kavata alikuwa pale, amembeba mgongoni mtoto mzito wa Kizungu, anamyumbisha. Amevaa gauni la mtu mwingine, refu, lililokunjwa kiunoni kwa pini. Aliniamkia. Kisha akauliza, hata kabla sijaketi:

"Mwalimu, lile swali lina jibu?"

Hakuuliza habari za viboko. Hakuuliza kama anaweza kurudi. Siku kumi na mbili mtoto huyu ameyumbisha swali lile kichwani.

"Halina," nikasema. "Wewe ulisema kweli. Ilitakiwa iwe hamsini na tatu. Mimi ndiye niliyekosea kupiga taipu."

Akafikiri kidogo, midomo ikimchezacheza. "Basi ng'ombe ni saba," akasema. Na uso wake ukafunguka kwa namna ambayo siwezi kuiandika.

Mwololo alikuwa amesimama na kijiko cha mti mkononi. "Sasa ngoja. Mtoto yangu alipigwa kwa sababu ya kosa ya mwalimu?"

"Ndiyo, Bwana Mwololo."

"Na wewe ulijua lini?"

"Jumatatu."

"Leo ni Jumamosi," akasema.

Ni hilo tu. Akarudi jikoni kwa sababu chungu kilikuwa kinafurika. Nimeshawahi kutukanwa kwa maneno makubwa zaidi, lakini hakuna lililonichoma kama hilo. Nimekuwa nikimkasirikia Were siku tano nzima huku nikikaa kimya kama yeye alivyotaka. Hasira yangu ilikuwa na faida gani kwa mtu yeyote?

Jumatatu, 23 Julai
Nilifika kabla ya hedimasta. Alipofika alitazama saa, akanitazama mimi, akafungua ofisi.

Nilianza na kosa langu. Nilimwonyesha hamsini yangu na nikamwambia kwamba mwandiko wa Mwalimu Were unasema hamsini na tatu. Kisha karatasi ya Kavata na ule wino mwekundu. Kisha zile kumi na moja.

Bwana Nthiwa alifungua droo. Alichonga penseli. Akachukua karatasi akafanya lile swali mwenyewe, polepole, kwa herufi, kama walivyofundishwa watu wa zamani. Akakwama. Akafuta. Akaanza upya. Nilisikia watoto wakiimba gwarideni nje, na kwa mara ya kwanza yeye hakutoka kuwahesabu waliochelewa.

"Ng'ombe hawezi kuwa sehemu nne za saba," akasema mwishowe.

"Hawezi, bwana."

"Nipe majina."

Nikayasoma. Jina la tatu lilikuwa Nzula Nthiwa. Nilikuwa nimelijua tangu Jumamosi ile ya kwanza, na nusu ya woga wangu ilikuwa hapo.

"Huyo ni wangu," akasema, kana kwamba simjui. Akatuma aitwe.

Nzula aliingia, msichana mpole, soksi zake nyeupe. Baba yake akampa swali lile lile, lakini ng'ombe akawafanya punda na jumla akaifanya sitini. Wanne kando, wanabaki hamsini na sita kwa visanduku saba: wanane. Nilijua papo hapo kwamba amelitunga sawasawa. Nzula alishika penseli. Akaandika 7, 21, 25.

"Onyesha baba umeipataje."

Machozi yakaanza kumtoka. "Mwalimu Were alituambia tukariri. Alisema ni mazoezi. Jumamosi mbili, namba moja mpaka namba hamsini."

"Ulijua ni ya jaribio?"

"Siku ile nilipoifungua karatasi nilijua."

"Na ukaandika."

"Baba, uliniambia nisipite chini ya arobaini."

Yule mtu alikaa na mikono yake juu ya meza. Nilitaka kutoka, lakini hakuniruhusu wala kunizuia. Kisha alimwambia mwanawe arudi darasani, na alipotoka akaniambia, "Hiyo ni kosa ya nani, mwalimu? Hesabu hiyo mimi siwezi."

Alhamisi, 26 Julai
Jaribio limerudiwa. Hedimasta ametunga maswali yote hamsini yeye mwenyewe na ameyaandika ubaoni kwa mkono wake, asubuhi hiyo hiyo, akiwa amefunga mlango. Hakuna stensili, hakuna taipu. Mwololo alimleta Kavata kabla ya kengele, akamwacha langoni, hakuja kuniamkia. Ni haki yake.

Mwalimu Were hakuja kazini. Inasemekana anaumwa tumbo.

Jumatatu, 30 Julai
Kavata arobaini na nne. Nzula kumi na saba.

Hedimasta aliyasoma matokeo gwarideni, yote arobaini na manane, na alipofika kwa mwanawe hakushusha sauti. Kisha akamwita Kavata mbele. Akasema mtoto huyu alichapwa kwa kusema kweli, na kwamba jambo hilo lilifanyika katika shule yake, kwa hiyo anamwomba radhi. Hedimasta! Kavata hakujua aangalie wapi. Akaangalia viatu vya Bwana Nthiwa.

Tulipoingia ofisini akaniambia kwamba hakuna atakayerudia darasa. "Nilitaka wastani. Umeona wastani imenunua nini."

Ijumaa, 3 Agosti
Mwololo alipita jioni, akanipa mkono. "Nimemwambia memsahib atafute mwingine. Amekasirika. Hata mimi nilikasirika na wewe, mwalimu. Imepungua kidogo." Kidogo inanitosha.

Jumanne, 7 Agosti
Mwalimu Were amepata uhamisho. Shule kubwa zaidi, katikati ya mji, naibu wa hedimasta. Alikuja kuchukua vitu vyake, akamuaga kila mtu, akacheka na kila mtu. Peres hakumpa mkono. Alisimama na chaki mkononi, akasema, "Niko na darasa," akatoka. Nilimfuata nikamkumbatia koridoni.

Na mimi nimepata barua. Si ya kuthibitishwa. Onyo kwa maandishi, kwa uzembe katika kuandaa jaribio; kuthibitishwa kwangu kumeahirishwa kwa mwaka mmoja.

Nilikwenda nayo kwa Bwana Nthiwa. Alikuwa ameisoma.

"Kosa lako nililiandika," akasema, "kwa sababu ni kosa. Mstari mmoja. La Were nimeliandika kurasa tatu, na majina, na sahihi yangu. Huko juu wamesoma mstari mmoja."

"Na wewe utanyamaza?"

"Nimeandika tena jana. Nitaandika kesho. Mimi ni mtu ya kuandika vitu kwa daftari, mwalimu. Wewe unajua."

Nilisaini onyo langu mbele yake. Sioni haya kwa sahihi ile. Lakini kumpandisha cheo mtu aliyewauzia watoto aibu, na kumchapa kwa barua yule aliyeisema! Naliandika hapa ili nikilisoma uzeeni nisije nikadanganywa na mtu kwamba sikuliona.

Ijumaa, 10 Agosti
Shule imefungwa. Tumepanda basi pamoja, hedimasta na mimi, kupeleka fomu za mtihani mjini. Alizishika mapajani njia nzima, zimefungwa kwa kamba ya katani, kwa kuwa hakuniamini nizibebe au kwa kuwa hakuamini mtu yeyote, sikuuliza.

Ofisini karani alizihesabu kwa kidole kilicholowa mate. Akafika mwisho, akarudia. Akainua macho.

"Bwana Nthiwa, kila mwaka unaleta thelathini, thelathini na mbili. Mwaka huu mbona arobaini na nane?"

"Ndio watoto tulio nao," akasema, akangoja apigiwe muhuri.